Aliyemwambia Meneja

Katesh,
13 Februari 2024

Kaka Nicodemo,

Shikamoo. Natumaini wifi Sara na watoto hawajambo.

Kila nikikupigia naambiwa hupatikani, na ukipatikana najua utakuwa umesimama juu ya kile kilima chenu cha mtandao pamoja na nusu ya Yaeda Chini. Haya si mambo ya kusikilizwa na watu. Barua nimempa Safari, dereva anayeleta dawa za mifugo huko kwenu. Nimeifunga kwa gundi. Ukikuta imefunguliwa, niambie.

Kazi imekwenda, kaka.

Unajua kwamba Benki ya Ushirika Jembe na Fimbo walinichukua kuwa afisa mikopo wa tawi la hapa Katesh. Katika usaili nilikuwa wa kwanza, na Bwana Hilary, meneja wa tawi, alinipa mkono mbele ya wenzangu. Barua ya ajira nilisaini, nikaambiwa niripoti Jumatatu, ndiyo jana. Nilikwenda na sketi mpya. Mlinzi akaniambia ningoje nje. Nilingoja hadi jua likanifuata kivulini. Alipotoka, Bwana Hilary hakunikaribisha ndani.

"Nafasi imesitishwa, dada. Ni uamuzi wa makao makuu."

Nikamwuliza kwa nini. Akashusha macho mpaka tumboni kwangu, kisha akayainua haraka.

"Pumzika kwanza," akasema. "Mambo yako yakitulia, utaomba tena."

Tumbo langu halijaonyesha kitu. Hata mwenye nyumba, ambaye anajua mpaka mboga ninayopika, hajui. Waliojua kwamba nina mimba ni Benedict, rafiki yangu Samira na wewe. Benedict ndiye baba wa mtoto, yuko machimboni Mererani, na hata jina la Hilary hajawahi kulisikia. Mmebaki wawili. Sikushuku, nauliza tu: ulimwambia mtu?

Bwana Agustino, yule mstaafu wa chama cha wafanyakazi, amenieleza kwamba sheria hairuhusu mtu kunyimwa kazi kwa sababu ya mimba. Anataka tupeleke mgogoro kwenye Tume ya Usuluhishi, Babati. Lakini amenionya. Benki wakisema hawakujua habari ya mimba, sisi hatuna la kusema. Lazima tujue nani aliwaambia.

Mama asijue lolote, wala mimba wala kazi. Unaijua presha yake. Mwache afikiri niko ofisini.

Mdogo wako,
Verediana

*

Yaeda Chini,
24 Februari 2024

Mdogo wangu Verediana,

Marahaba. Barua imefika, gundi ikiwa salama. Huku mvua imekatiza njia mara kwa mara na Safari alilala njiani, ndiyo maana nimechelewa kukujibu. Sara anakusalimu.

Pole sana kwa yaliyokupata. Swali lako nimelisoma. Mimi ni mwalimu, na mwalimu hutunza siri za watoto wa watu wengine, sembuse za dada yake wa tumbo moja.

Lakini jiulize na wewe. Mtu akiiba ng'ombe, hutazami aliyelia, unatazama zizi lililoongezeka. Sasa nani amekaa mahali pako? Nimesikia kutoka kwa watu wanaokuja mnadani kwamba binti wa Mzee Abdulrahmani, mwenye duka la vitambaa, ameanza kazi benki. Kama ni Samira yuleyule ninayemfahamu, basi sina haja ya kuongeza neno.

Kuhusu kesi, mimi sishauri. Kupambana na benki ni kama kupambana na tembo shambani. Hata ukifaulu kumfukuza, mahindi yameshalala. Jifungue kwanza, funga ndoa na Benedict, halafu utafute kazi nyingine.

Tena nakuomba, kwa sasa usiende Tlawi. Mama anahitaji utulivu. Ukiwa na kitu cha kumpelekea, nipe mimi nitamfikishia.

Kaka yako,
Mwl. Nicodemo

*

Katesh,
4 Machi 2024

Samira,

Leo nimepita benki na nimekuona dirishani, umevaa shati la kijani la Jembe na Fimbo. Limekupendeza.

Nilikuwa nikikataa kuamini. Chuoni tulilala kitanda kimoja kwa sababu cha pili kilikuwa na kunguni. Ni wewe uliyeingia duka la dawa kuninunulia kile kipimo, kwa kuwa mimi niliona haya. Majibu yalipotoka ulinishika mkono, ukaniambia, "Hili ni letu wawili." Kumbe ulikuwa unahesabu.

Katika usaili mimi nilikuwa wa kwanza na wewe wa pili. Wa kwanza akianguka, wa pili anapanda. Jambo rahisi hivyo lilinichukua wiki nzima kulielewa.

Nimeshapeleka mgogoro Babati. Utaitwa, na utaapa kwa Mungu wako. Namba yako nimeizuia, kwa hiyo usijisumbue kupiga. Ukiwa na la kusema, liandike, nami nitalitunza.

Verediana

*

Katesh,
6 Machi 2024

Verediana,

Barua yako ameipokea mama, akaiweka mezani mbele ya baba, wakangoja niifungue. Ahsante kwa hilo.

Unanijua vizuri. Nikiwa na neno na mtu namwambia usoni, ndiyo maana sina marafiki wengi. Sikumwambia Hilary. Sikumwambia mtu yeyote, hata paka.

Ilivyokuwa ni hivi. Siku mbili baada ya wewe kurudishwa, nikiwa dukani kwa baba nampimia mteja kitenge, simu ikaita. Hilary akasema njoo. Nilipofika hakuniuliza cheti wala nini. Aliniuliza hivi: "Na wewe je, huna mimba?" Nikacheka, nikasema sina hata mchumba. Akasema, "Basi vizuri, anza kesho."

Niliporudi nyumbani ndipo neno lile likanirudia. *Na wewe.* Maana yake kabla yangu kulikuwa na mwingine. Nilikupigia jioni ileile, hukupokea. Nikapiga tena kesho yake. Nikajiambia, hataki kusemeshwa, nami nikaacha. Hapo nilikosea, sikatai. Nilivaa shati lao nikijua kuna jambo haliko sawa, ila sikutaka kulijua lote.

Sasa umeshajua yote ninayojua mimi. Lakini usiniombe nikayaseme Babati. Hii ni kazi ya kwanza niliyopata nje ya duka la baba. Nikiipoteza, narudi nyuma ya kaunta kungoja kuolewa na mtu ambaye ameshachaguliwa, namfahamu, na simtaki. Nikiitwa nitasema sijui. Hiyo barua unayosema utaitunza, itunze. Nitasema si mwandiko wangu.

Aliyekuuza ni mwingine. Mtafute huko kwenu.

Samira

*

Tlawi,
18 Machi 2024

Mwanangu Verediana,

Ni mimi mama yako Efrazia. Anayeandika ni Tekla wa kwaya, mimi nasema yeye anaandika, na nimemwambia aandike ninavyosema asinirekebishe.

Sisi tuko wazima. Maharage yamekubali mwaka huu, ila ngedere wamejua njia. Yule mbuzi mweusi amezaa mapacha, mmoja hakukaa.

Sasa hiyo mimba unaitunzaje? Usishtuke. Nicodemo aliniambia mwezi wa kwanza alipokuja kuchukua mahindi. Akasema, Mama, usiseme, na mimi hapa kijijini sikusema kwa mtu, hata huyu Tekla ndiyo anasikia sasa hivi. Sikukasirika. Nilikasirika kidogo, halafu nikaacha. Mtoto ni mtoto.

Nilipokuja mnada wa Katesh kuuza kondoo nilikukosa, mwenye nyumba wako akasema umekwenda Babati kufuata cheti. Basi nikaona nisirudi bure, nipite hapo benki niwaone watu watakaokaa na mwanangu. Yule meneja mrefu mwenye mwanya alinikaribisha vizuri, akanipa na soda. Nikamwambia, baba, huyu mtoto ana mimba, bado changa, na njia ya Masakta, wanakopeleka mikopo, ina mashimo, nakuomba usimpandishe pikipiki mpaka ajifungue. Maana mimi ya kwanza kabisa, kabla ya Nicodemo, ilitoka kwa ajili ya mizigo, nawe hukuwahi kujua. Akanisikiliza mpaka mwisho. Akasema, Mama, nimekuelewa, usiwe na wasiwasi.

Mtu mwema sana. Je, ametimiza? Anakupa kazi za kukaa? Mimi huwa namwombea kanisani.

Mama yako,
Efrazia

*

Katesh,
21 Machi 2024

Nicodemo,

Leo sikuamkii.

Nimepata barua ya Mama. Amenieleza habari ya maharage na ngedere, na katikati akanieleza jinsi alivyoingia benki na kumwambia Hilary kila kitu, akidhani ananilinda. Hajui kama kazi imepotea. Anamwombea Hilary kanisani, kaka. Anamwombea!

Simlaumu yeye. Nakuuliza wewe. Nilipokuuliza kama ulimwambia mtu, ulinijibu habari za siri za watoto wa watu. Nimeisoma tena barua yako na sasa naiona. Hakuna mahali uliposema hapana. Ulinionyesha Samira kwa kidole, nami nikamwandikia maneno ambayo hata adui haambiwi.

Ulijua tangu lini?

Tume wametupangia tarehe 16 Aprili. Benki wamejibu kwamba hawakuwa na habari yoyote ya mimba. Mtu pekee anayeweza kusema walijua ni Mama. Jumamosi nakwenda Tlawi kumweleza.

Verediana

*

Yaeda Chini,
29 Machi 2024

Verediana,

Nakuandikia siku ya Ijumaa Kuu, na moyo wangu si mwepesi.

Mama nilimwambia kwa sababu aliniuliza. Alisema, "Mdogo wako amenenepa sauti, kuna nini?" Wewe ungeweza kumdanganya? Kwamba alikwenda benki sikujua, mpaka aliponieleza mwenyewe kwa furaha nilipopita Tlawi katikati ya Februari. Niliporudi huku, Safari akanikabidhi barua yako. Nilikaa nayo siku kadhaa. Ningekujibu nini? Niliona afadhali umchukie rafiki kuliko umchukie mama.

Sasa unataka kumsimamisha mbele ya wanasheria. Wataanza na mtoto ni wa nani, wataendelea na ndoa ilifungwa lini. Habari zitatoka Babati, zitafika Mbulu, zitashuka mpaka huku, na mimi ni mzee wa kanisa. Unafikiri nitasimama vipi mbele ya waumini?

Nakuomba kama mkubwa wako. Usimpeleke.

Nicodemo

*

Katesh,
19 Aprili 2024

Kaka Nicodemo,

Shikamoo. Tumerudi. Nakuandikia kwa sababu Mama anataka ujue yalivyokwenda. Mimi peke yangu nisingeandika.

Nilipofika Tlawi nilimkuta jikoni anapepeta ulezi. Nilimweleza yote nikiwa nimesimama. Aliendelea kupepeta. Ulipokwisha, akaweka ungo chini.

"Kwa hiyo ni mimi," akasema.

"Ni yeye, Mama. Wewe uliomba msaada."

"Maneno ni yangu." Akafunga kanga upya. "Basi nitakwenda huko Babati niyaseme tena. Na huyo baba nitamtazama wakati nayasema."

Baadaye, barua yako iliponifikia, nilimweleza na yale unayohofia, kwamba ataulizwa habari ya ndoa. Akasema, "Nicodemo anahofia kanisa lake. Mimi la kwangu wameshanizoea."

Babati tuliingia kwenye chumba kidogo, meza moja. Msuluhishi, mama mmoja mpole, alisema pale si mahakamani, anataka tuzungumze tu. Bwana Hilary alikuja na mwanasheria wa benki. Mama akaomba kusema kwa Kiiraqw ili asikosee, wakampata kijana wa kutafsiri. Alisema kila kitu, mnada, kondoo, soda, pikipiki, na ile mimba yake iliyotoka.

Msuluhishi akamgeukia Hilary.

"Mama huyu simfahamu," Hilary akasema. "Sijawahi kumwona."

Kaka, Mama hakuhitaji kutafsiriwa. Alimwambia kwa Kiswahili, polepole, "Baba, ulinipa soda ukanifungulia kwa mkono wako." Hilary akawa anaangalia saa yake. Mwanasheria akasema mzazi yeyote atamtetea mwanawe, hilo si ushahidi. Nikaona tumekwisha. Hata Bwana Agustino alikuwa ameshafunga faili.

Kumbe benki walikuwa wamemleta Samira, aseme kwamba aliajiriwa kwa utaratibu. Alikuwa amekaa nje kwenye benchi muda wote, na kabla hatujaingia Mama alikuwa amekaa naye. Mimi nilisimama mbali, sikujua waliongea nini. Aliitwa, akaingia na lile shati la kijani, hakunitazama. Mwanasheria akamwuliza, "Uliitwa kazini kwa utaratibu wa kawaida?"

Nikamwona anashika ukingo wa meza. Nilijua atasema ndiyo, alikuwa ameshaniandikia kwamba atasema sijui.

"Meneja alinipigia simu," akasema. "Nilipofika aliniuliza, 'Na wewe je, huna mimba?' Nikasema sina, akaniambia nianze kesho."

Msuluhishi akarudia, "*Na wewe?*"

"Ndivyo alivyosema. Na wewe."

Mwanasheria akaomba kutoka nje na Hilary. Waliporudi, ni mwanasheria aliyezungumza. Tumesaini makubaliano. Kazi ni yangu tangu siku ile ya Februari, naanza Mei, na likizo ya uzazi nitapewa kama wengine. Hilary amehamishwa, hatujaambiwa wapi.

Mama hajui kwamba uliniacha nimtuhumu Samira huku ukijua ukweli. Sikumwambia. Nimekuachia wewe umwambie kwa mdomo wako, na usichelewe, kwa sababu wewe mwenyewe unajua jinsi anavyosikia vitu kwenye sauti za watu.

Verediana

*

Masakta,
2 Juni 2024

Verediana,

Salaam. Barua zako mbili nimezipokea. Ya kwanza sikuimaliza, ya pili nimeisoma yote. Msamaha unaouomba nimeusikia. Nakujibu mara moja, usitegemee nyingine karibuni.

Kufukuzwa sikufukuzwa. Baada ya yale ya Babati nadhani waliogopa. Wamenileta huku Masakta, kituo cha chumba kimoja na wanachama wanaokuja na matope hadi magotini. Meneja mpya aliiita hiyo nafasi ya kukua. Baba alipiga kelele, kwamba binti hawezi kwenda kulala kijijini peke yake. Nilipanga nguo zangu akiwa bado anapiga kelele. Kwa hiyo usinionee huruma sana. Nimepanga chumba kwa mama mmoja mfugaji ambaye haniulizi lolote.

Umeniuliza kwa nini nilibadilisha maneno. Najua unatamani kusikia kwamba nilikukumbuka wewe, chuo, kitanda na kunguni. Sivyo. Siku ile nilikuwa na hasira na wewe bado, na nilikwenda Babati nikiwa na jibu langu tayari.

Ni mama yako. Alikuja akaketi karibu nami kwenye benchi, nikampa shikamoo, akaliona shati. Akaniuliza, "Wewe ni wa benki?" Nikasema ndiyo. Akafungua kitambaa, akakata kiazi, nusu akanipa. Akasema, "Kula, mwanangu. Leo watu wa benki na sisi tutasemana vibaya, lakini wewe bado mdogo, hayo hayakuhusu." Hakujua mimi ni nani, Verediana. Hakujua kwamba mimi ndiye niliyekaa mahali pa binti yake. Nilipoitwa ndani, kile kiazi bado kilikuwa kooni.

Basi ni hilo tu. Mshukuru yeye.

Kuhusu sisi wawili, sijui nikuambie nini. Nimejaribu kukumbuka sauti yako ya zamani na kila mara inakuja ile ya barua ya Machi. Labda itapita. Uliandika kwamba nilikuwa nahesabu. Nilikushika mkono siku ile kwa sababu ulikuwa unatetemeka, hapakuwa na sababu nyingine, nami sikufikiri ipo siku nitatakiwa kuieleza.

Unasema ukijifungua utamtuma mtu aje kuniita. Usimtume. Huku habari zinafika, nitasikia. Nikija kumwona mtoto, nimekuja. Na nisipokuja, nakuomba, usitafute mchawi.

Samira